Kwa Shangazi yangu wa Arua: swali lako nililijibu haraka

Asalaam aleikum, Shangazi.

Uliniuliza kwenye simu kama nina jirani wa kunigongea mlango nikiugua. Nikakujibu upesi kwamba yupo. Nilikudanganya, na tangu siku hiyo jibu lile limenikaa kooni.

Kiangazi cha Februari kimetubana hapa Katwe, Kampala. Napanga katika safu ya vyumba sita, vile ambavyo huku wanaviita mizigo: mabati juu, dari hakuna. Ikifika saa nane mchana ndani hakukaliki. Ukuta kati yangu na jirani haufiki kwenye paa, kwa hiyo najua kwamba huamka saa kumi na moja, hukohoa akiwasha sigiri, na jerikani yake ina ufa, maana kila asubuhi maji huchirizika hadi kizingiti changu. Jina lake sikulijua. Miezi minane! Salamu mbili za Kiganda bombani, basi.

Wiki iliyopita joto likatutoa nje usiku, kila mtu na mkeka wake. Nikamsikia jirani yangu akiongea kwenye simu: "Niko muzima, mama, lakini huku nikianguka hakuna atajua." Kiswahili cha Bukavu, kule Kongo, Shangazi. Muda wote huo tulikuwa tunasalimiana kwa lugha ya kuazima.

Sikulala. Nilikumbuka joto la Agosti 2003 kule Ufaransa, lililoua watu karibu 15,000, wengi wao wazee. Mjini Paris wako waliokutwa wamekufa peke yao vyumbani. Chicago, Julai 1995, walikufa zaidi ya 700, wengi wakiwa watu wasio na wa kuwatazama. Usiku usipopoa mwili haupati nafasi ya kupumzika, na mzee huenda asihisi hata kiu. Nilizoea kusema hayo ni ya Wazungu na milango yao ya kujifungia. Na mimi je, niliyesikia kikohozi miezi minane nisiulize?

Kulipokucha nilimpelekea jerikani yangu ya pili. Akanitazama, akacheka: "Kumbe unasema Kiswahili!" Sasa kila alfajiri anagonga ukuta mara mbili, nami namjibu. Juzi hakugonga, nikatoka mbio miguu mitupu, nikamkuta bombani kwenye foleni.

Na wewe Shangazi, tangu watoto wahame, nani anakugongea huko Arua, ambako jua ni kali kuliko letu? Nijibu, lakini usinijibu haraka kama nilivyokujibu mimi.