Kwako mdogo wangu, uliyezuia kanga mlangoni

Mdogo wangu,

Simu zangu hupokei, basi nakuandikia hapa hapa hadharani.

Nasikia bado kila Jumamosi unazunguka Karume na Kariakoo kusaka vitu visivyo na kwao: redio iliyobanduka kibandiko, chupa ya marashi isiyo na jina. Sikulaumu. Hata mimi mwili hunisisimka nikishika kitu ambacho hakuna aliye hai anayejua kilitoka wapi. Kanga za siku hizi hazina fumbo hilo. Muuzaji wa mtaa wa Uhuru atakwambia hii ya India, hii ya hapa hapa. Lakini ile ya Bibi! Jina la kanga yenyewe, yale maneno yake ya herufi za Kiarabu, lilifuliwa mpaka zikabaki nukta na mikia. Wewe unasema Uholanzi, Mjomba anasema Japani, na kote huko kweli walituchapia kanga kabla kiwanda cha nguo cha Urafiki hakijafunguliwa pale Ubungo mwaka 1968. Mali ya Abdulla, wale wauza kanga wa Mombasa, haikuwa, maana hao jina lao huwa wanaliandika. Bibi alikuwa anacheka tu: "Imetoka sandukuni."

Sasa siku ile ya msiba wake. Maji yalishatengwa, wanawake wakaomba kanga za kumsitiria Bibi akioshwa. Nikatoa doti ile ile. Si yake? Ukasimama mlangoni: "Hiyo msiiloweshe, itachuja." Ukanipokonya kipande kimoja, ukakiinua dirishani kutafuta chapa ya kiwanda. Ubani unafuka, Shangazi analia, wewe umekodoa macho kwenye pindo! Nilinyamaza mpaka matanga yakaanuliwa. Nilikosea, ningekujibu pale pale.

Ushauri wangu ni huu: vitu vipende, ila waulize watu wangali hai. Uliwahi kumuuliza Bibi nani alimpa kanga ile? Uliuliza kiwanda tu. Haya, hata mimi sikuuliza. Lakini mimi ndiye niliyekuwa nampikia uji, namshika mkono kumpeleka msalani, nafua mashuka saa kumi usiku. Nafasi ya kuuliza ningeipata wapi?

Na la nepi najua ulishaambiwa. Ni kweli, kipande changu nilikichana mwanangu alipozaliwa. Kanga kuukuu ndiyo nepi, wewe mwenyewe Bibi alikuvalisha hizo hizo. Hela ya pampasi sikuwa nayo, na wa kumkopa alikuwa hapokei simu.

Nilipofumua upindo, nikakuta mahali ambapo jua na sabuni havijawahi kufika. Chapa hakuna, nimegeuza pande zote. Ila rangi! Damu ya mzee, kama imetoka dukani jana. Unakumbuka ulivyokuwa ukibishana na Bibi kuwa ni kahawia?

Utepe huo ninao, upana wake kidole kimoja, umo kwenye kopo la vifungo. Picha sijamtumia mtu.

Dada yako