Barua ya wazi kwa wanafunzi wangu mnaoanza kazi kwa jina la baba

Wanangu,

Nasikia barua za uteuzi zimeshatoka, na wachache wenu, tusifichane, mmezipata kwa sababu baba au mjomba anajulikana. Sina ugomvi na hilo. Ila kuna habari ya seneta mmoja wa Roma ambayo darasani niliipitia mbiombio, mtihani ukitunyemelea, na sasa naona niliwadhulumu.

Gnaeus Calpurnius Piso alizaliwa pazuri. Baba yake alipigana upande wa maadui wa Julius Caesar, akasamehewa, na mwaka 23 K.K. akawa konsuli, mmoja wa wakuu wawili wa dola kwa mwaka, pamoja na Augustus mwenyewe, kaisari wa kwanza. Mtoto naye akawa konsuli mwaka 7 K.K., mwenzake akiwa Tiberius. Ndugu yake Lucius akafuata mwaka 1 K.K. Mkewe Plancina alikuwa shoga wa Livia, mama yake Tiberius. Mtu wa namna hii haombi njia, hupishwa.

Mwaka 17 B.K. Tiberius, sasa kaisari, akampa ugavana wa Siria. Wakati huohuo Germanicus, mwanawe wa kumlea, alipewa mamlaka juu ya mikoa yote ya mashariki. Fahali wawili, zizi moja. Kwenye karamu ya mfalme wa Wanabatea yaligawiwa mataji ya dhahabu: mazito kwa Germanicus na mkewe Agrippina, mepesi kwa Piso na wengine. Piso akalitupa la kwake, akasema karamu hiyo ni ya mtoto wa kiongozi wa Waroma, si wa mfalme wa Waparthi. Na hoja alikuwa nayo, maana Waroma hawakutaka kusikia neno mfalme. Lakini nani anasikiliza hoja ya mtu aliyetupa zawadi ya mwenyeji wake?

Germanicus alifariki Antiokia tarehe 10 Oktoba mwaka 19, akiamini Piso amemwekea sumu. Habari zilimkuta Piso kisiwani Kos, akiwa ameshaondoka Siria. Hapa naomba mtulie nami kidogo. Mwanawe Marcus alimwambia: twende Roma upesi, hujafanya kosa lisilosafishika, ukirudi Siria umeanzisha vita vya wenyewe kwa wenyewe. Rafiki yake, Domitius Celer, akamwambia arudi, Siria ni yake, na Livia yuko upande wake. Piso akamsikiliza rafiki. Akaishia kuzingirwa kwenye ngome ya Celenderis, huko Kilikia, na kusalimu amri.

Kesi ilisikilizwa Roma mwaka 20. Sumu haikuthibitishwa, kilichomwangusha ni kule kurudi na silaha. Plancina alikuwa ameapa kufa naye kama itabidi, lakini Livia alipomwombea msamaha kwa siri, akaanza kujitenga na mumewe taratibu. Asubuhi moja Piso akakutwa chumbani amekatwa koo, upanga sakafuni. Aliacha barua ya kumwombea Marcus, kijana aliyemkataza.

Hukumu ya Seneti ya tarehe 10 Desemba mwaka huo tunayo hadi leo, imechongwa kwenye shaba iliyofukuliwa Hispania. Wanawake wasimwombolezee. Sanamu zake ziondolewe. Kinyago chake kisibebwe pamoja na vinyago vya mababu kwenye mazishi ya ukoo. Mali itaifishwe, kisha warudishiwe watoto wake, na yule mkubwa, Gnaeus kama baba yake, abadilishe jina la kwanza.

Akalibadilisha. Akawa Lucius, na kwa jina hilo akashika ukonsuli mwaka 27. Fikirieni siku ya kwanza nyumbani, mama anamwita kwa jina la zamani, halafu anakumbuka.

Ni mimi,
Mwalimu wenu mstaafu