Heri ya Mei Mosi, na habari za Fran Zwitter

Ndugu zangu, heri ya Mei Mosi. Salamu kwa mlio uwanjani na mabango, na kwa mliobaki nyumbani mmefungulia redio kusikia kama safari hii lipo lolote la nyongeza ya mishahara. Masika haijakatika, kwa hiyo fulana za sikukuu zitaloa, tumezoea.

Mwaka huu nimemkumbuka mtu wa mbali, Fran Zwitter, mwanahistoria wa Slovenia, nchi ya Ulaya iliyo jirani na Italia. Kwao sikukuu za majira haya hufuatana. Tarehe 27 Aprili wanaadhimisha kuinuka dhidi ya wavamizi, usiku wa tarehe 30 wanawasha mioto mikubwa vilimani, kisha Mei Mosi na siku inayofuata ni mapumziko. Ile ya Aprili inatokana na mwaka 1941. Ljubljana, mji wao mkuu, ilikuwa imekwisha kutekwa na Italia, ndipo wakomunisti, wasoshalisti wa Kikristo na wenzao wakaunda harakati moja ya ukombozi.

Zwitter alizaliwa 1905 kijijini Bela Cerkev, akasoma Ljubljana, Vienna na Paris. Angeweza kujikalia na makabrasha yake. Aliingia katika harakati, na mwaka 1944 akaongoza taasisi ya utafiti iliyoanzishwa katika eneo lililoshikwa na wapiganaji wa msituni. Vita havijaisha, watu wanakusanya takwimu! Walijua kwamba bunduki zikinyamaza, ugomvi wa mipaka utahamia mezani.

Katika kuhesabu idadi ya watu alikuwa fundi. Mwaka 1936 alikuwa ametoa kitabu kuhusu wakazi wa nchi ya Waslovenia tangu karne ya 18. Na hapo ndipo Mei Mosi inaponijia. Wakati huo Waslovenia walikuwa chini ya dola ya Austria, na sensa yake ya 1910 haikumuuliza mtu ni wa taifa gani, iliuliza lugha anayoitumia kila siku. Sasa fikiria Trieste, mji wa bandari wenye matajiri wa Kiitaliano na vijiji vya Kislovenia pembeni. Binti aliyetoka kijijini kuja kufua na kupika, akishinda kutwa akiitikia kwa lugha ya bosi, aliweza kuandikwa chini ya lugha ya bosi. Makarani wa sensa nao walikuwa watu wa halmashauri ya mji, na halmashauri ilikuwa ya Waitaliano. Waslovenia walilalamika, hesabu ikapitiwa upya, na idadi yao ikapanda kutoka chini ya 40,000 hadi zaidi ya 56,000. Hao waliokuwa wamepotea, wengi nadhani walikuwa wafanyakazi.

Mwaka 1946 Zwitter alikwenda Paris kwenye mkutano wa amani, miongoni mwa wataalamu wa ujumbe wa Yugoslavia, nchi ambayo Slovenia ilikuwa sehemu yake na iliyogombania Trieste na Italia. Tumsome kwa uangalifu, maana alikuwa na upande: hata baada ya hesabu kurekebishwa, Waitaliano ndio walikuwa wengi mjini, na hoja ya Yugoslavia ilikuwa kwamba mji ufuate vijiji vinavyouzunguka. Wakubwa hawakukubali. Mkataba wa 1947 uliifanya Trieste eneo huru, na mwaka 1954 mji ukaenda Italia. Yeye alirudi kufundisha, akawa mkuu wa Chuo Kikuu cha Ljubljana kati ya 1952 na 1954, akafariki 1988, miaka mitatu kabla Slovenia haijajitangazia uhuru.

Basi salamu zangu za pekee mwaka huu ziende kwa madada wa kazi, walinzi wa usiku, wauguzi wa zamu na makondakta, ambao sikukuu inawakuta kazini. Kwa sheria ya Tanzania, anayefanya kazi siku ya sikukuu ya taifa hulipwa mara mbili kwa kila saa. Waajiri mnaosoma hapa, heri ya Mei Mosi na kwenu pia.