Mwanangu, usikate kwanza

Mwanangu mpenzi,

Nimesoma katika barua yako habari za lile boksi la mikanda ya filamu uliloliokota, na nilipofika penye harufu ya siki nikajua mara moja. Hiyo ni asetati inayooza, ile plastiki iliyotengenezea mikanda. Mkanda ukishaanza kunuka hivyo haurudi ulivyokuwa. Unasinyaa, unajikunja, na mvuke wake huwaharibu majirani zake. Itenge leo hii inayonuka, iweke mahali pakavu penye baridi na hewa ya kupita. Usiipitishe kwenye projekta, meno yake yatayararua matundu ya pembeni. Tafuta skana, mashine ya kunakili picha zake kwenye kompyuta. Ukikuta mkanda wa milimita 35 wa zamani sana, usiuguse mpaka mjuzi auone: huenda ni nitrati, aina ya mkanda ya zamani, nayo ikishika moto huwaka hata ndani ya maji.

Hayo ni ya mikono. Kilichoniondolea usingizi ni yale maneno yako kwamba unataka kuiunga mikanda hiyo iwe filamu yako, na tayari unajua utakata wapi.

Hujajua, mwanangu. Nilipokuwa na umri wako nilipewa mkanda wa milimita 16 wa harusi ya watu nisiowajua. Nilipenda pale bibi harusi anapocheka. Nikakata sekunde 4, fremu 96, yaani picha moja moja za mkanda, nikaziunga kwenye filamu yangu, uliobaki nikautupa. Miaka mingi baadaye nilizitazama zile fremu moja moja mezani. Kwenye tatu za mwisho, upande wa kushoto, unaingia mkono umeshika leso. Bibi harusi alikuwa anamcheka huyo mwenye mkono. Ni nani? Alikuwa kwenye kile nilichotupa. Mpaka leo nikiiona leso ile moyo unaniuma.

Mwaka 1927 Esfir Shub, huko Urusi ya Kisovieti, alitengeneza filamu nzima ya kuanguka kwa ukoo wa Romanov kwa picha zilizopigwa na wengine, zikiwemo za nyumbani kwa mfalme mwenyewe. Kuna mahali wakubwa wanacheza dansi juu ya meli, wanafuta jasho. Kisha tunawaona wakulima wakitoka jasho kwa kuchimba. Aliyepiga picha ile ya dansi hakukusudia jasho. Shub aliliona kwa sababu alikaa akatazama mpaka dansi ilipokwisha, watu wakahema. Angekata mapema, angebaki na dansi tu.

Na madoa usiyafute kwa haraka. Katika Decasia, filamu ya Bill Morrison ya mwaka 2002 iliyoungwa kwa mikanda iliyooza, bondia anarusha ngumi kwenye uozo uliomeza sehemu ya picha, kana kwamba anapigana nao. Mimi sijaona mhariri aliyebuni kitu kama kile. Ni mkanda wenyewe uliokileta, yeye akawa na macho ya kukiacha.

Basi kaa na daftari. Tazama kila mkanda toka mwanzo hadi pale unapokuwa mweupe, hata ukikuchosha, na hasa pale unapokuchosha. Andika nani anatazama kamera na nani anaikwepa. Anayeikwepa mfikirie mara mbili kabla hujamweka mbele ya watu. Hakukubali hata siku ile.

Ukimaliza mkanda wa kwanza niandikie. Usiniambie unahusu nini. Niambie umeona nini pembeni.

Akupendaye,
Mama