Gemu ya 2007 haidumu kwa kumbukumbu za utotoni tu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako niwajibu wanaodai kwamba vijana wanaoendelea kucheza Dragon Ball Z: Budokai Tenkaichi 3 kwenye PlayStation 2 wanaukumbuka utoto wao tu. Gemu hiyo ya mapigano, iliyotengenezwa na kampuni ya Spike ya Japani na kutolewa mwaka 2007, inapendwa hadi leo kwa jinsi ilivyoundwa.

Ina wapiganaji 161, ukihesabu na maumbo yao mbalimbali, wote wakitoka katika ulimwengu wa Dragon Ball, hadithi ya katuni aliyoianzisha mchoraji Akira Toriyama mwaka 1984. Wingi huo ungeweza kumchosha mchezaji, lakini waundaji waliamua kwamba vitufe vifanye kazi ileile kwa karibu kila mhusika, hata aliyezoea kumchezesha Goku akaweza kumchukua Frieza papo hapo bila kufundishwa upya. Katika Tekken, gemu nyingine ya mapigano, kila mhusika ana orodha yake ndefu ya mapigo, na mgeni hupigwa mpaka akaachia pedi mwenyewe.

Wakosoaji husema kwamba wapiganaji wake hawalingani nguvu. Ni kweli, na mimi nauona huo kuwa uaminifu kwa hadithi yenyewe, ambayo haikuwahi kuwa ya usawa. Mr. Satan ni binadamu wa kawaida mwenye majigambo mengi. Kwa nini alingane na Broly, mpiganaji mwenye nguvu za kutisha? Anayemchagua Mr. Satan anajua anachokitafuta, na akishinda, aliyeshindwa hatapumzishwa kwa utani. Vegeta, mpiganaji mwingine, katika umbo lake la mwanzo wa hadithi naye anaweza kugeuka sokwe mkubwa asiyetikiswa na ngumi za kawaida. Isitoshe, uwanja ni mpana: unaruka juu, unajificha nyuma ya mlima, mpinzani anakupoteza machoni, nawe unapata nafasi ya kukusanya nguvu.

Mrithi wake, Sparking! Zero, ilitoka Oktoba 2024 ikiwa na wahusika zaidi ya 180 na picha za kupendeza mno. Hata hivyo, ilipoingia sokoni, watu wawili waliokaa mbele ya televisheni moja waliruhusiwa kupambana katika uwanja mmoja tu, kile chumba cheupe cha mazoezi. Kwa anayecheza peke yake kwa njia ya intaneti huenda hilo ni jambo dogo. Katika vibanda vyetu vya gemu, ambako wawili hushika pedi na wengine husimama nyuma yao wakishangilia na kusubiri zamu, hilo ndilo jambo lenyewe, na mwenye kibanda haoni sababu ya kuiweka kando mashine ya zamani isiyomdai bando wala masasisho.

Nawaomba waandishi wako wanaochambua gemu mpya watueleze pia kama watu wawili wanaweza kuicheza wakiwa wamekaa pamoja.

Msomaji wako,
Morogoro