Mhariri, msimsahau Gábor Bódy

Mhariri,

Ile makala yenu ya sinema za majaribio, zile zinazojaribu njia mpya za kutengeneza picha, nimeisoma yote na kuna sehemu imeniuma, pale mlipoandika kwamba watengenezaji wa sinema hizo wanachezea mitambo tu kwa sababu hawana hadithi ya kusimulia. Hapana jamani. Mchukueni Gábor Bódy, mtengeneza filamu wa Hungaria, yeye peke yake anatosha kuwajibu.

Filamu yake ndefu ya kwanza, Amerikai anzix ya 1975, inahusu maofisa wa Hungaria walioshindwa kwenye mapinduzi ya 1848 na 1849, wakakimbilia ng'ambo wakajikuta wako kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, na mmoja wao kazi yake ni kupima ardhi na kuchora ramani. Sasa Bódy akaichafua picha makusudi, mwanga unawaka unafifia, mikwaruzo kila mahali, ukiangalia unaweza kuapa ni mkanda wa wakati wa vita hivyo, umeokotwa stoo tangu 1865, na 1865 sinema yenyewe ilikuwa haijazaliwa! Halafu juu ya picha inatokea ile mistari ya msalaba ya darubini ya mpima ardhi, yaani unaangalia kwa jicho la mtu aliyepoteza nchi yake na sasa anapima ya wenzake. Ukisafisha ile picha hadithi nayo inaondoka, ndo maana nasema mitambo pale inafanya kazi ya maneno.

Filamu yake nyingine, Kutya éji dala ya 1983, nayo ni hivyohivyo, kachanganya mkanda wa kawaida wa sinema wa milimita 35, Super 8 (ule mkanda mwembamba wa kamera za nyumbani) na video humohumo, na yeye mwenyewe anaigiza padri ambaye si padri kweli. Picha zinabadilika ngozi kama yule mtu, hujui umwamini wapi.

Na mjue alianzia wapi. Balázs Béla Studio, studio ya filamu ya Budapest, ilikuwa inaendeshwa kwa pesa ya serikali, lakini filamu za pale haikuwa lazima zionyeshwe kwa watu, kwa hiyo vijana walipata nafasi ya kujaribu na kukosea bila kuogopa, kitu ambacho hata leo mtengeneza filamu anakitafuta hakipati.

Kubwa zaidi kwangu ni Infermental, jarida lake ambalo halikuchapishwa kwenye karatasi, lilitoka kwenye kaseti za video. Toleo la kwanza lilitoka Berlin 1982, Ulaya bado imegawanyika mashariki na magharibi, na kila toleo likawa na wahariri wengine na mji mwingine, Hamburg, Budapest, Lyon, mpaka Tokyo. Bódy alifariki 1985 akiwa na miaka 39 tu, lakini mkewe Vera na wenzake wakaliendeleza hadi 1991.

Naomba mumpe japo nusu ukurasa, na mwandishi wenu aanze na Amerikai anzix, aiangalie mpaka mwisho ndo aandike.

Msomaji wenu, mpenda sinema