Taarifa ya mwaka ya mwenyekiti: safari, ada, na yule tetere wa Entebbe

Ndugu wanachama wa chama chetu cha watazama ndege, salamu kwenu. Mambo ya kawaida nayapitia haraka maana mnayajua. Kwenye kinamasi cha Mabamba tulienda mara mbili, korongo nyangumi, yule ndege mkubwa mwenye mdomo kama kiatu, tukamwona mara moja, kwenye ghuba ya Lutembe mvua ikatufukuza, na hesabu ya ndege ya Jinja ilifanyika na watu 4, mmoja wao mimi. Tuko 37 kwenye daftari, ada wamelipa 14, na mkutano wa Septemba tulikuwa 6 nikihesabu na mtoto wa mweka hazina. Chai nilinunua mimi, sisemi zaidi.

Sasa ile ishu ya tetere.

Nasikia huko pembeni watu wanasema mwenyekiti kafuta ugunduzi wa kijana wetu kwenye orodha ya ndege ya chama kwa wivu. Si kweli. Agosti kijana alileta picha za simu, tetere mweupe-mweupe mwenye pete nyeusi nyuma ya shingo, zimepigwa karibu na bustani ya mimea Entebbe, akasema huyu ni yule tetere wa Asia aliyesambaa Ulaya nzima, na kabla sijamaliza kuangalia watu walishaanza kupongezana. Hoja yao ni kwamba kama aliweza kufika Uingereza na kuzaliana huko mwaka 1955, Entebbe kitu gani kitamshinda? Hoja tamu, lakini jamani, pete ya shingo si kitambulisho! Hapa kwetu matetere wenye pete wako kibao. Yule mkubwa mwenye jicho jekundu analia kila asubuhi juu ya maembe yenu, hesabuni sauti yake, ni milio sita. Yule wa Asia ana mitatu tu, wa katikati anauvuta.

Nilifanya nini? Nilienda Entebbe mara tatu, na ndiyo, ile laki na themanini ya mafuta ilitoka kwenye mfuko wa chama, risiti ziko kwa mama mweka hazina, aende kuziona anayetaka. Mara ya tatu nikampata. Chini ya mkia, pale karibu na miguu, mweupe kabisa. Wa Asia pale ana kijivu. Ncha za mabawa hazikuwa nyeusi vya kutosha, rangi ya mwili kama chai ya maziwa mengi, na alipotua akatoa kile kicheko ambacho wa Asia hana. Halafu akanisogelea mpaka hatua tatu hivi, kama anasubiri mtama. Huyo ni tetere wa kufugwa, uzao wa wale wa Saheli, ule ukanda mkavu kusini mwa Sahara, katoroka tundu la mtu. Kuna aliyeniuliza, mbona asiwe wa porini kashuka kutoka Sudan? Wa porini haji kuomba chakula, na rangi yake huwa imekolea kuliko ile.

Na msidhani ndege wa tundu ni jambo dogo. Wale wa Asia walioko Marekani leo walianzia Bahamas miaka ya 1970, walitoka kwenye matundu, wakavuka mpaka Florida. Perth kule Australia walifungua matetere wadogo wa kwetu, wale wasio na pete, mwaka 1898, na mpaka leo wapo mjini. Kwa hiyo sikumfuta kabisa, nimemwandika ukurasa wa mwisho wa orodha, "ametoroka". Kijana alinuna akaacha kuja. Mlango uko wazi, na jicho lake ni zuri, ila siku nyingine apige picha ya chini ya mkia kwanza.

Mwakani tunatarajia kwenda hifadhi ya Kidepo, Mungu akijalia na ada zikiingia. Pia kuna wazo la fulana.

Na aliyeazima darubini ya chama tangu Mei airudishe, hata kama kifuniko kimepotea.